Kanda za Sinema Zilizookolewa na Wapenzi Wake

Wanafunzi wawili wa shule ya sekondari wametuletea barua moja yenye sahihi mbili, wakituomba tuwe waamuzi wa ugomvi wao. Jambo lenyewe ni filamu ya Kimarekani iitwayo Star Wars. Wa kwanza asema kwamba, katika kilabu kile cha pombe cha jangwani, Han Solo ampiga risasi yule kiumbe Greedo bila kungojea lolote. Wa pili aapa kwamba Greedo ndiye aliyetangulia kupiga, akakosa shabaha, ndipo Han Solo akajibu. Kila mmoja asema ameona kwa macho yake mwenyewe.

Twawajibu: enyi vijana, wekeni silaha chini, maana nyote wawili mmesema kweli. Wa kwanza ameona filamu kama ilivyotoka mwaka 1977. Wa pili ameona filamu ileile kama ilivyogeuzwa baadaye, tangu mwaka 1997. Tena msidhani ni jambo dogo la watoto. Nyuma ya risasi ile moja umo ugomvi mrefu kati ya mtungaji mkubwa wa filamu na watu waliompenda kuliko wote. Na kwa ajili ya ugomvi huo, watu wasio na cheo wala mshahara wamefanya kazi ambayo twaona yastahili kuelezwa hapa kwa urefu.

Kwanza habari za filamu yenyewe. George Lucas aliitoa tarehe 25 Mei 1977. Wasomaji wetu wa Afrika wajue kwamba lile jangwa la jua mbili si jangwa la nyota ya mbali. Ni nchi ya Tunisia, walikokwenda kupiga picha mwaka 1976. Watu wa Marekani walipanga mistari mirefu mbele ya majumba ya sinema, na wengi walirudi kuitazama mara tatu, mara nne, mara kumi. Mwaka 1989 serikali ya Marekani ilipoanza kuandika orodha ya filamu ambazo taifa lapaswa kuzihifadhi, ikachagua 25 za kwanza, Star Wars ilikuwa mojawapo.

Mabadiliko yalianza kidogo kidogo. Yale maandishi yanayopanda juu ya kitambaa mwanzoni hayakuwa na namba ya sehemu mwaka 1977. Namba iliongezwa mwaka 1981. Jambo hilo halikumuudhi mtu. Lakini mwaka 1997, filamu ilipokuwa ikitimiza miaka 20, Lucas aliitoa tena ikiwa na vitu vingi vipya vilivyochorwa kwa kompyuta: wanyama wapya katika mji wa jangwani, mazungumzo mazima na lile dubwana Jabba ambayo hayakuwamo kwanza, mlipuko mwingine mwishoni, na ile risasi ya Greedo. Ndugu zake wawili, yaani filamu ya mwaka 1980 na ile ya mwaka 1983, walipata dawa hiyohiyo. Zilipotoka katika diski za DVD mwaka 2004 zilikuwa zimegeuzwa tena, na katika diski za Blu-ray za mwaka 2011 zikageuzwa mara nyingine.

Kama mtungaji angeziuza zote mbili, ya zamani na ya sasa, nadhani hakuna ambaye angelalamika. Kila mtu angejichukulia ile aipendayo. Lakini Lucas alisema kwamba filamu ya mwaka 1977 ilikuwa kazi isiyokwisha. Alikosa fedha, alikosa wakati, na mashine za siku zile hazikuweza kumtengenezea yale aliyokuwa nayo kichwani. Basi ile iliyotengenezwa upya ndiyo filamu, na ya kwanza haina budi kutoweka. Mwaka 2006 iliuzwa mara moja, ikiwa nyongeza ya diski nyingine, lakini ilitolewa katika nakala ya zamani iliyotayarishwa mwaka 1993 kwa ajili ya diski kubwa za wakati ule, picha yake ikiwa hafifu kwa televisheni za siku hizi. Watu walipouliza kwa nini haikutengenezwa vizuri, kampuni ilieleza kwamba ukanda wa asili ulikuwa umekwisha kugeuzwa moja kwa moja. Na kweli, ili kutengeneza filamu ya mwaka 1997, ukanda ule uliopigwa katika kamera ulifunguliwa, ukasafishwa, kisha vipande vipya vikaunganishwa mahali pa vile vya zamani.

Tusimhukumu mtu huyo upesi. Ni nani kati yetu walimu ambaye hajatamani kuichukua tena hotuba yake ya zamani na kuifuta nusu? Mwenye kutunga ana haki ya kusahihisha. Lakini kuna jambo moja ambalo wapenzi wake hawakulisahau. Mwezi wa Machi mwaka 1988 Lucas huyuhuyu alikwenda mbele ya Baraza la Seneti la Marekani kuwatetea watungaji wa filamu. Siku zile matajiri walionunua filamu za zamani za nyeusi na nyeupe walikuwa wakizitia rangi kwa mashine ili zipate kuuzwa kwa televisheni. Yeye aliwaambia wakubwa wa nchi kwamba kazi za namna hiyo ni urithi wa watu wote, na kwamba kuzigeuzageuza ni kuwanyang'anya watoto watakaokuja. Hapo alikuwa akisema juu ya matajiri wanaogeuza kazi ya wengine, si juu ya mtungaji anayegeuza kazi yake mwenyewe. Tofauti ipo, twaikubali. Hata hivyo, mtoto wa kesho asiyeweza kuiona filamu ya mwaka 1977 hatajali sana kama aliyeificha ni tajiri au ni mtungaji.

Sasa tuingie katika ukanda wenyewe, maana bila kuufahamu ukanda hamtaona ugumu wa kazi hii. Wazee wanakumbuka sinema za zamani katika ua wa misioni: kitambaa cheupe kimetandikwa ukutani, mashine yavuma nyuma ya watu, wadudu wacheza katika mwanga. Ule ulikuwa ukanda mwembamba wa milimita 16. Majumba makubwa ya sinema yalitumia ukanda wa milimita 35. Katika nafasi ya sekunde moja tu hupita picha 24. Filamu ya dakika 121, kama hii tunayoisema, ina picha zaidi ya 174,000, na ukiunyosha ukanda wake chini utapata zaidi ya metre 3,300. Hauwezi kuingia katika gurudumu moja. Hugawanywa katika magurudumu ya dakika 20 hivi, na mwishoni mwa kila gurudumu huonekana vitone katika pembe ya juu ya picha, upande wa kulia, vya kumwambia mwenye mashine awashe mashine ya pili. Wengi wenu mmeviona vitone hivyo msijue maana yake.

Tena ukanda unaoonyeshwa kwa watu si ule uliokuwa katika kamera. Ule wa kamera ni mmoja tu, nao hufungiwa kama dhahabu. Kutoka kwake hutolewa ukanda wa pili, na kutoka wa pili hutolewa wa tatu, na wa tatu ndio unaozaa mamia ya nakala za majumba ya sinema. Kwa hiyo nakala ya sinema ni kama mjukuu au kitukuu. Hufanana na babu, lakini sura imefifia kidogo, na vitu vilivyo gizani vimezama zaidi. Nakala hizo zilikuwa mali ya kampuni, zikikopeshwa tu kwa wenye majumba. Baada ya maonyesho zilipaswa kurudishwa au kuharibiwa. Nyingi ziliharibiwa. Chache ziliachwa katika maghala, au zilichukuliwa na watu waliopenda mno kuziona zikikatwakatwa.

Kisha kuna adui mwingine, nayo ni rangi. Filamu nyingi za rangi tangu miaka ya 1950 hata mwanzo wa miaka ya 1980 zilichapwa katika ukanda wa aina ya Eastman, ambao rangi zake tatu huzaliwa ndani ya ukanda wenyewe kwa dawa. Ulikuwa rahisi, ulikuwa wa upesi, na ulikuwa na ugonjwa: rangi ya samawati hufa kwanza, ya manjano hudhoofika, ikabaki nyekundu peke yake. Ukifungua kopo la nakala ya namna hiyo leo, mbingu ni ya waridi, majani ni ya waridi, hata uso wa mtu ni kama umechomwa na jua. Mwaka 1980 mtungaji Martin Scorsese alikusanya sahihi za wenzake kuwaomba wakubwa wa kiwanda cha Kodak watengeneze ukanda wenye rangi za kudumu.

Lakini ilikuwako njia nyingine, ya zamani zaidi, ya kampuni iitwayo Technicolor. Njia hiyo yafanana na uchapaji wa gazeti hili. Walitengeneza kanda tatu zenye sura ya picha, kila mmoja wakauchovya katika rangi yake, kisha wakaugandamiza juu ya ukanda mweupe, mmoja baada ya mwingine, mpaka picha ikatimia. Rangi hizo hazikuzaliwa kwa dawa ndani ya ukanda. Zilipakwa kama wino, nazo hudumu miaka na miaka. Kiwanda cha Marekani kiliiacha njia hii katikati ya miaka ya 1970, kwa kuwa ilikuwa ya gharama. Cha Uingereza kilichelewa kidogo kufunga. Ndiyo sababu nakala kadhaa za Star Wars zilichapwa kwa Technicolor huko Uingereza, zikabaki na rangi zake safi wakati dada zake wa Marekani wamekwisha kuwa wekundu. Waliozichapa hawakujua kwamba walikuwa wakiwawekea akiba wajukuu wao.

Basi, wapenzi wa filamu hiyo walifanya nini?

Kundi la kwanza lilitumia akili ya fundi wa viraka. Katika nchi ya Czech alikuwako kijana mmoja ambaye hakuwahi kufanya kazi katika kampuni ya filamu. Aliichukua filamu ya diski za Blu-ray, iliyo nzuri kwa macho lakini imegeuzwa, akaanza kuyaondoa mageuzi moja moja. Palipoongezwa mnyama, akatafuta picha ya zamani katika ile diski hafifu ya mwaka 2006. Palipokuwa hafifu mno, akatafuta kipande cha ukanda wa sinema kilichopigwa picha na mpenzi mwingine. Akavishona pamoja na kuvisawazisha rangi, hata mtazamaji asione mshono. Kazi yake ilijulikana kwa jina la Despecialized Edition. Watu wengi walioizoea walisema ndiyo filamu ya utoto wao. Twamsifu, lakini twasema pia kwamba kiraka hata kikishonwa vizuri ni kiraka. Rangi za filamu yake zilikuwa rangi alizozikadiria mwenyewe, kwa kulinganisha na mashahidi wengi.

Kundi la pili lilitaka ukanda wenyewe. Hao walijiita Team Negative One. Walitafuta nakala za milimita 35 zilizosalia, wakazipata kwa wenye kukusanya, wakachanga fedha. Mwaka 2016 walitoa kazi yao ya kwanza iliyotoka katika kanda za sinema. Mwaka 2018 wakatoa ile iliyo maarufu zaidi, iitwayo 4K77. Asilimia 97 yake ilitoka katika nakala moja tu ya Technicolor ya mwaka 1977.

Tufikirie kazi ilivyo. Ukanda hufika katika makopo, umejaa mafuta ya mashine na vumbi la miaka 40. Huoshwa kwa kitambaa laini na dawa, metre kwa metre. Mahali palipokatika na kuunganishwa kwa gundi hukaguliwa. Kisha hupitishwa katika mashine ambayo haiuvuti kwa nguvu kama mashine ya sinema, bali huipiga kila picha picha yake, moja baada ya moja, nazo huingia katika kompyuta. Hapo ndipo kazi huanza hasa. Ukanda uliopita mara mia katika mashine ya jumba la sinema una mikwaruzo mirefu ya kijani, ambayo hukaa mahali pamoja dakika nzima. Una madoa, una nywele, una vumbi lililogandamana. Kompyuta yaweza kufuta mengi, lakini kompyuta haina akili ya mtu: mara huona nyota ya angani ikaidhani ni vumbi, ikaifuta. Katika filamu inayoitwa Vita vya Nyota, mashine ifutayo nyota ni mtumishi wa hatari. Hivyo mtu hukaa jioni baada ya jioni, akirudi kutoka kazini kwake, akitazama picha moja moja kati ya zile 174,000. Palipopotea picha mbili au tatu kwa sababu ukanda ulikatika, hutafutwa katika nakala nyingine. Haba na haba, wasomaji.

Na hata kati yao wenyewe hawakukubaliana yote. Ukanda una chembechembe kama mchanga mwembamba unaotetemeka juu ya picha. Wengine walisema mchanga huo ndio sura ya sinema, tusiuguse. Wengine walisema watu wa televisheni za leo hawauvumilii. Wakatoa kazi kwa namna mbili, mmoja na mchanga wake, wa pili umelainishwa. Kwa maoni yetu wale wa kwanza ndio walioelewa vyema, kwa kuwa mwenye kuokoa kitu cha zamani hana haja ya kukipendezesha. Lakini hatutafuti ugomvi mwingine. Filamu ya mwaka 1983 waliitengeneza pia. Ile ya mwaka 1980 iliwachosha zaidi, maana nakala zake hazikuchapwa kwa njia ya Technicolor, na rangi zake zimeliwa.

Fundi wa kale huko Roma waliujua ugumu huu. Michelangelo alipomaliza ukuta wake wa Hukumu ya Mwisho katika kanisa la Sistina, mwaka 1541, wengi walichukizwa na miili isiyo na nguo. Mwaka 1565 mwanafunzi wake, Daniele da Volterra, aliamriwa kuwavika nguo kwa rangi, naye akafanya. Ukuta uliposafishwa, kazi ikaisha mwaka 1994, mafundi waliulizana: nguo hizi zitolewe au zibaki? Waliziacha zile za Daniele, kwa kuwa zenyewe zilikuwa zimekuwa historia, wakaziondoa nyingi zilizopakwa na watu waliokuja baadaye. Basi kuna wakati ambapo hata kilichoongezwa hupata haki ya kubaki. Labda baada ya miaka 100 watu watataka kuiona filamu ya mwaka 1997 pia, ili wajue tulivyokuwa tukipenda kompyuta zetu mpya. Tatizo halikuwa kwamba ya pili imezaliwa. Tatizo lilikuwa kwamba ya kwanza ilifungiwa.

Twajua wazazi watauliza: je, kazi hiyo si wizi? Swali ni la haki, wala hatutalikwepa. Filamu ina mwenyewe. Ilikuwa ya kampuni ya Lucas, na mwaka 2012 kampuni hiyo ilinunuliwa na Disney kwa thamani ya dola milioni 4,000 na zaidi. Sheria haimpi mtu ruhusa ya kunakili na kugawa mali ya namna hiyo kwa sababu tu anaipenda. Wapenzi hao wenyewe walijua. Ndiyo maana hawakuuza kazi yao, wakawahimiza wanaoitaka wanunue kwanza diski halali za kampuni. Hilo lapunguza uzito, halifuti kosa mbele ya hakimu. Anayechukua kazi yao na kuiuza sokoni, huyo hatuna la kumtetea: ameiba kwa mwenye filamu na ameiba jasho la wale waliofanya bure.

Zamani hatari ilikuwa kubwa zaidi. Mwezi wa Desemba mwaka 1974 askari wa upelelezi wa Marekani waliingia katika nyumba ya mwigizaji Roddy McDowall, aliyejulikana kwa filamu za nyani wanaotawala, wakamchukulia kanda na kaseti zake nyingi. Hakushtakiwa mwishowe, lakini wenye kukusanya nakala walishikwa na hofu, wakazificha chini ya vitanda na nyuma ya gari za zamani. Kanda zilizofichwa mahali pa joto huoza. Hofu hiyo yenyewe imeua filamu nyingi.

Lakini tazama upande wa pili wa mizani. Mwaka 1954, huko Uingereza, mvulana wa shule jina lake Kevin Brownlow alijipatia magurudumu mawili ya ukanda mdogo wa milimita 9.5, ule wa kutazamwa nyumbani. Ilikuwa vipande vya filamu Napoléon ya Mfaransa Abel Gance, iliyotoka mwaka 1927, ikakatwakatwa hata hapakuwa na mtu aliyeijua ilivyokuwa nzima. Mvulana alivutwa na yale aliyoyaona ukutani kwa wazazi wake, akaanza kutafuta kipande kingine, na kingine. Alitafuta kwa wenye kukusanya, alitafuta katika hifadhi za nchi mbalimbali, akamtafuta hata mtungaji mwenyewe. Alipoanza alikuwa na miaka 16 hivi. Mwaka 1979 kazi yake ilionyeshwa nje, katika baridi ya mji wa Telluride, Marekani, na Gance, mzee wa miaka 89, aliitazama kutoka dirisha la hoteli. Mwaka 1980 ilionyeshwa London pamoja na wapiga muziki. Mzee akafariki mwaka 1981, akiwa ameiona kazi yake ikifufuka. Brownlow hakukoma, kwa mwaka 2000 filamu ilikuwa imefika saa tano na nusu. Wafaransa nao walitoa mwaka 2024 nyingine ya saa saba. Mwaka 2010 watu wa Hollywood walimpa Brownlow tuzo ya heshima ya Oscar. Yule aliyekuwa mtoto mwenye kuokota vipande amekuwa mwalimu wa hifadhi.

Na ile filamu juu ya Mtakatifu Yoana wa Arc, iliyotungwa na Mdenmarki Carl Dreyer mwaka 1928? Ukanda wake wa asili uliteketea kwa moto Berlin mwaka uleule. Kwa miaka zaidi ya 50 watu walitazama nakala zilizotengenezwa kwa masalio, wala hawakujua hasa Dreyer aliipanga namna gani. Mwaka 1981 yakapatikana makopo katika kabati la hospitali ya wagonjwa wa akili huko Dikemark, karibu na Oslo, nchi ya Norway. Ndani yake mlikuwa nakala ya kwanza kabisa, ile ya Denmark, haijaguswa na mkasi. Hakuna serikali iliyoihifadhi kwa makusudi, wala kampuni. Ilisalia kwa sababu hakuna aliyeitupa.

Kwa habari ya Star Wars, mambo yamesogea. Mwezi wa Juni mwaka 2025 hifadhi ya filamu ya Uingereza, BFI, ilifungua sikukuu yake ya filamu za ukanda, huko London, kwa kuonyesha hadharani nakala ya Technicolor ya mwaka 1977. Mwaka huohuo wenye filamu walitangaza kwamba itarudi katika majumba ya sinema mwaka 2027, itakapotimiza miaka 50. Hatudhani wangeharakisha hivyo kama kwa miaka mingi wale wapenzi wasingalionyesha, kwa macho ya watu, kwamba nakala ya zamani yapatikana na yasafishika.

Mwisho, neno kwa wasimamizi wa parokia na wa shule. Katika ghala za misioni nyingi za Kongo yamebaki makopo ya kanda za milimita 16 ambayo hayajafunguliwa tangu mashine ya sinema ilipovunjika. Msiyatupe, wala msijaribu kuyapitisha katika mashine ya zamani, maana ukanda uliokauka hukatika kwa meno ya mashine. Fungueni kopo, mnuse. Kama lanuka siki, ukanda umeanza kuoza, nao utajikunja na kupungua. Utengeni na mingine, kwa kuwa mvuke wake huharakisha kuoza kwa jirani zake. Yasiyonuka yawekwe mahali pakavu penye ubaridi, mbali na bati la paa, yakilazwa na si kusimamishwa. Andikeni juu ya kila kopo maneno yote yaliyomo katika kipande cha mwanzo cha ukanda, hata msiyoyaelewa: jina, namba, na mwaka kama upo.